Fundi kaosha ukuta wa tofali za kuchoma kwa asidi, sasa umekuwa wa njano na unga mweupe umerudi. Shida ni nini?

#1 MwanaMafinga
Wakuu habari. Nina nyumba ndogo Mafinga, ya tofali za kuchoma. Nje sikupiga plasta, nimeacha tofali zionekane na katikati ya tofali na tofali pamepigwa pointingi ya saruji. Ujenzi uliisha Julai. Ukuta ulikuwa na madoa ya saruji iliyodondoka, na chini ya madirisha kuna unga mweupe kama wa sembe. Fundi akasema dawa yake ni asidi, ndugu yake na ile ya vyoo ila hii kali zaidi, inauzwa kwa dumu la lita 5. Wakaosha siku moja wakamaliza. Jioni ukuta mwekundu kama umetoka tanurini leo. Nikapiga picha nikatupia kwenye grupu la ukoo, wajomba wakanipongeza.

Wiki ya tatu mambo yakabadilika. Upande wa magharibi kuna michirizi ya njano, utadhani mtu kamwaga mchuzi wa bizari kutoka juu. Unga mweupe umerudi, na sasa sio chini ya madirisha tu. Nikikwaruza pointingi kwa ufunguo wa geti, mchanga unadondoka. Fundi anasema ni hali ya hewa. Jirani anasema ni udongo wa huku. Mke wangu anasema ni fundi. Nyie mnasemaje?

#2 Siti ya Mbele
Nimekaa. Picha ziko wapi mkuu? Za kabla tumesikia wajomba wameziona.

#3 Fundi Kipara
Maswali matatu kwanza. Ukuta ulilowekwa maji kabla? Asidi ilichanganywa na maji kiasi gani? Walisuuza mara ngapi?

Nauliza kwa sababu tofali kavu ni sponji. Ukilipaka asidi likiwa kavu linaivuta ndani, halafu ukija kusuuza unaosha ngozi ya juu tu, mzigo umebaki tumboni. Sisi tunamwagia ukuta maji mpaka ukatae kunywa, ndipo brashi ya asidi inapita. Na hiyo asidi ni kopo 1 kwa makopo 10 ya maji, wengine wanaenda mpaka 20 kama tofali ni za rangi nyepesi. Unaosha kipande kidogo, kama mita moja kwa moja, dakika chache, unasuuza, unasogea.

#4 MwanaMafinga
Mkuu Kipara, kuloweka hapana. Maji ya bomba yalikuwa yamekatika, tulikuwa na mapipa mawili na moja lilikuwa la kuchanganyia zege la baraza. Mchanganyiko waliweka nusu kwa nusu. Kusuuza walisuuza mara moja, kwa kopo.

#5 Fundi Kipara
Nusu kwa nusu!!! Hao walikuwa wanaosha nyumba au wanaibomoa taratibu?

#6 Ticha wa Kemia
Ngoja nieleze kwa lugha nyepesi. Hiyo ya dumu kwa kawaida ni asidi haidrokloriki. Ikikutana na chokaa iliyo ndani ya saruji unaona mapovu, ile ni kaboni dioksaidi inatoka. Kinachobaki ni kalsiamu kloraidi, inayeyuka, inaondoka na maji. Ndiyo maana doa la saruji linatoka kirahisi. Sasa asidi haina macho. Haijui hii ni saruji ya doa na hii ni saruji ya pointingi. Kwa nusu kwa nusu imekula vyote, ndio mchanga unaoudondosha kwa ufunguo.

Njano: tofali jekundu lina oksidi za chuma, wekundu wenyewe ndio huo. Asidi kali inatoa kiasi cha chuma hicho, kinakuwa kloraidi ya chuma, rangi yake njano mpaka kahawia. Kinashuka na maji, kinakauka njiani. Michirizi yako hiyo.

#7 Kichwa Ngumu
Mnamtisha bure. Angetumia asidi ya betri angemaliza mchezo. Ile ina nguvu.

#8 Ticha wa Kemia
Kichwa Ngumu, jina lako linakufaa. Ya betri ni salfuriki. Ikikutana na chokaa inatengeneza jasi, na jasi haiyeyuki kirahisi, kwa hiyo unapata ganda jeupe juu ya tofali badala ya kuliondoa. Salfeti ikibaki ndani inaishambulia saruji yenyewe. Halafu ukimwagia maji kwenye asidi hiyo ikiwa kali, inachemka na kukurukia usoni. Siku zote asidi ndiyo inamiminwa kwenye maji, polepole, kamwe sio kinyume.

#9 Kichwa Ngumu
Sawa ticha, nimekaa chini.

#10 Mzaramo Asili
Huku Dar tunajenga kwa tofali za saruji, tunapiga plasta na rangi, stori imeisha. Nyie wa nyanda za juu mnataka nyumba ivae nguo nusu halafu mnashangaa inapigwa na baridi.

#11 Mama Ndimu
Kabla hamjamhukumu fundi, ule unga ni nini hasa? Kipimo cha jikoni: kwangua unga kijiko kimoja. Nusu tia kwenye glasi ya maji, nusu nyingine kamulia ndimu au weka siki. Ukiyeyuka kwenye maji kimyakimya ni chumvi tu imetoka ndani ya tofali. Ukigoma kuyeyuka halafu kwenye ndimu ukatoa mapovu, hiyo ni chokaa ya saruji. Kama ni chumvi, asidi haikuwa na kazi hapo tangu mwanzo, ni brashi kavu ya nailoni na unga uufagie ukiwa mkavu. Ukimwagia maji chumvi inarudi ndani inasubiri jua, kesho unaiona tena.

#12 Ticha wa Kemia
Nakazia #11, na nyongeza ndogo: kuna chumvi za aina ya magadi, zinayeyuka kwenye maji NA zinatoa mapovu kwenye ndimu. Kwa hiyo anza na glasi ya maji.

#13 Gogo wa Mjini
Mkuu tatizo ni udongo. Mimi niko Dodoma, huku visima vingi maji yenyewe ni ya chumvi. Tofali zinafinyangwa kwa maji hayo, zinajengwa kwa maji hayo, unategemea nini? Tofali zangu zilikuwa na unga zikiwa bado zimepangwa uwanjani. Sikupaka asidi wala nini. Masika mbili zikapita, unga ukapungua wenyewe, sasa hivi labda kidogo karibu na msingi.

#14 Jirani Mwema
Nani alisema kuhusu msingi? Hapo ndipo penyewe. Wangapi humu mliweka DPC, ile ya kuzuia unyevu usipande kutoka kwenye msingi? Mafundi wengi wanaruka ile karatasi nyeusi wakiona bosi hayupo. Maji yanapanda kutoka ardhini yakibeba chumvi, yanakauka ukutani, chumvi inabaki. Utaosha kwa asidi, kwa sabuni, kwa maji ya zamzam, itarudi tu.

#15 MwanaMafinga
DPC niliiona kwa macho yangu, Jirani Mwema. Na unga uko mpaka juu karibu na lenta. Maji ya ardhini yanapanda mpaka lenta?

#16 Jirani Mwema
Hapana, kawaida hayafiki huko. Basi ni mvua inayoingia kwa juu. Paa limetokeza kiasi gani nje ya ukuta?

#17 Bi Shangani
Asalaam alaykum. Nimesoma kutoka juu nikawa nasikia baridi mgongoni. Huku Unguja, tangu matukio ya 2013 ya watu kumwagiwa tindikali, neno hilo ukilitaja dukani watu wanakutazama mara mbili.

Kwa ukuta, nyumba zetu za Mji Mkongwe ni mawe ya matumbawe na chokaa. Tindikali ikigusa jiwe la matumbawe linachemka kama andazi kwenye mafuta. Marehemu baba alikuwa akipaka chokaa nyumba za watu. Yeye alikuwa akisugua kwa brashi ya makuti na maji, akisubiri ukuta ukauke, ndiyo apake chokaa upya. Ukuta uliojengwa kwa chokaa usiletewe asidi ya namna yoyote.

#18 Bongo Leeds
Nakubaliana na Bi Shangani. Nipo Uingereza, nafanya vibarua vya ujenzi. Huku mji mzima ni tofali. Nyumba mpya mafundi wanaziosha kwa asidi ya tofali ya dukani, kopo 1 kwa 10 kama alivyosema Kipara, wamevaa miwani, glavu ndefu na gambuti. Lakini nyumba za zama za Malkia Victoria zilizojengwa kwa chokaa, mwenye akili haziletei asidi.

Mambo mawili. Moja, saruji mbichi isiguswe. Angalau siku 7, wengine wanasubiri 28. Mbili, soma kibandiko cha dumu. Kuna dawa za kusafisha mawe zenye asidi ya floraini, kwenye kibandiko wanaandika "hydrofluoric acid". Hiyo ikikurukia unaweza usisikie maumivu hapohapo, kumbe inashuka kuelekea mfupa. Ukiona neno hilo kwenye dumu rudisha dukani.

#19 MwanaMafinga
Siku 7?? Walipiga pointingi Jumatatu, wakaosha Ijumaa.

#20 Fundi Kipara
Kila ukija unakuja na kosa jipya mkuu. Hebu yatoe yote kwa pamoja tukae nayo.

#21 Kijana wa Spana
Naomba kuuliza tofauti kidogo. Baada ya kuosha, dumu lililobaki mliliweka wapi? Mimi niliweka stoo, kifuniko hakikukaza vizuri. Baada ya siku kumi nafungua mlango: koleo, panga, boksi zima la spana, hata bawaba za mlango, vyote vimevaa kutu ya rangi ya chungwa utadhani vimelala baharini. Asidi haikumwagika hata tone. Ni mvuke tu. Spana namba 13 mpaka leo haifungui.

#22 MwanaMafinga
Kijana wa Spana umenishtua. Nimetoka kuangalia. Grili za madirisha zimeanza kutu kwenye kona za chini na nilizipaka rangi mwezi wa sita. Dumu liko chini ya ngazi karibu na baiskeli ya mtoto.

#23 Mama Ndimu
Karibu na baiskeli ya MTOTO? Simamisha uzi, kaliondoe sasa hivi. Tunakusubiri.

#24 Siti ya Mbele
Tunasubiri. Wakati huo huo picha bado.

#25 Mlokole wa Jiki
Mimi huwa nachanganya asidi kidogo na jiki, inang'arisha balaa.

#26 Dada Nuru
USIFANYE HIVYO. Naandika kwa herufi kubwa kwa sababu mimi nilifanya. Choo cha nje, mlango nimefunga nisisumbuliwe. Nilimwaga ile ya vyoo kwanza, halafu jiki juu yake. Ukatoka moshi wa kijanikijani, harufu kama ya bwawa la kuogelea mara mia. Koo likabana, macho hayafunguki. Nilitoka natambaa, nikakaa chini ya mti wa parachichi nakohoa mpaka adhuhuri, hospitali wakanilaza usiku mmoja. Ile ni gesi ya klorini. Ndiyo hiyo walirushiana askari kwenye Vita Kuu ya Kwanza.

#27 Mlokole wa Jiki
Duh. Mungu amenilinda kumbe. Nilikuwa nafanyia nje.

#28 Ticha wa Kemia
Nje ndiko kulikokuokoa. Kuna watu wawili kwenye uzi huu wako hai kwa bahati.

#29 MwanaMafinga
Nimerudi. Dumu limekwenda kibanda cha mkaa, mbali, limefungwa kwenye mfuko. Bado lina kama nusu.

Nimefanya kipimo cha Mama Ndimu. Unga wa kwenye tofali umeyeyuka kwenye maji, glasi imebaki safi. Unga wa kwenye pointingi umegoma kuyeyuka, ukakaa chini ya glasi kama chenga, na nilipokamulia ndimu ukatoa mapovu. Kwa hiyo nani kashinda?

#30 Gogo wa Mjini
Mimi. Chumvi ya tofali.

#31 Fundi Kipara
Mimi. Saruji iliyoliwa inatoka kwenye pointingi.

#32 Jirani Mwema
Wote wawili mnahitaji maji ya kuisukuma hiyo chumvi nje. Maji yanatoka wapi? Paa.

#33 Mzee wa Tanuri
Nimefyatua na kuchoma tofali Iringa tangu kijana, naomba niseme langu. Mmeongelea asidi mmesahau tofali. Tanuri moja lina tofali za aina tatu. Za karibu na moto zimeiva sana, nyingine zimepinda. Za katikati ndio zenyewe. Za nje kabisa hazikuiva, ni udongo uliokaushwa tu. Chukua mbili ugonganishe. Iliyoiva inalia kama chuma, tii. Ambayo haikuiva inalia kama kibuyu, ko. Hiyo ya ko inakunywa maji mengi, na asidi pia. Mwanangu, gonga ukuta wako upande wa magharibi kwa nyuma ya nyundo ndogo, polepole, sikiliza.

#34 MwanaMafinga
Shikamoo mzee. Nimegonga. Magharibi nyingi ni ko. Mashariki ni tii. Magharibi tulimalizia na mzigo wa pili, wa bei rahisi.

#35 Mzee wa Tanuri
Marahaba. Basi.

#36 Siti ya Mbele
Mzee kasema "basi" nikasikia mlango umefungwa.

#37 Ticha wa Kemia
Heshima kwa mzee, ila tofali kutoiva hakuelezi pointingi kubomoka. Vinaweza kuwa vitu viwili vimekutana. Na MwanaMafinga, asubuhi na mapema ukuta unaonekana na mabaka meusi ya unyevu hata kama mvua haijanyesha?

#38 MwanaMafinga
Ndiyo! Nilidhani ni ukungu wa Mafinga. Saa nne yanapotea.

#39 Ticha wa Kemia
Kalsiamu kloraidi iliyobaki ndani. Inanyonya unyevu wa hewani. Ndiyo kopo la kusuuza mara moja hilo. Na kloraidi ikifika kwenye nondo za lenta inaharakisha kutu. Suuza kwa maji mengi, mara nyingi, wakati bomba lina maji. Unaweza kuchanganya magadi kidogo kwenye maji ya kwanza kuua asidi iliyobaki, kisha maji matupu tena na tena.

#40 Gogo wa Mjini
Yaani ukuta una chumvi nyingi, unamwambia aongeze magadi, ambayo nayo ni chumvi?

#41 Ticha wa Kemia
Nimesema kidogo, na kisha maji matupu.

#42 Bongo Leeds
Hapo nipo na Gogo. Huku wengi wanasuuza kwa maji tu. Pia kwenye kuosha kuna ugomvi: wengine wanaanzia juu wakihakikisha chini pameloweka muda wote, wengine wanaanzia chini kwenda juu ili maji machafu yasichore michirizi kwenye tofali kavu. Fundi wako alianzia wapi?

#43 Fundi Kipara
Juu kushuka chini. Hakuna fundi anayeanzia chini, labda huko Ulaya.

#44 Bongo Leeds
Wapo, na ukuta haukuwa na bizari.

#45 Mwanasheria Mtaani
Pembeni kidogo: kemikali kama hizo zina sheria yake, Sheria ya Usimamizi na Udhibiti wa Kemikali za Viwandani na Majumbani ya 2003, iko chini ya Mkemia Mkuu wa Serikali. Anayeuza anatakiwa awe amesajiliwa. Dumu lisilo na kibandiko ni dalili mbaya tayari. MwanaMafinga, dumu lako lina kibandiko?

#46 MwanaMafinga
Lina kibandiko cha mafuta ya kupikia.

#47 Mama Ndimu
YESU. Liandike "SUMU" kwa rangi nyekundu leo hii, pande zote mbili.

#48 Mganda wa Kariakoo
Kanisa kuu la Namirembe pale Kampala limekamilika 1919, tofali tupu, hadi leo jekundu. Nyumba ya Julai imeshazeeka.

#49 Mzaramo Asili
Piga plasta tu mkuu. Mwisho wa siku plasta inasitiri.

#50 Fundi Kipara
Asipige plasta juu ya ukuta wenye chumvi, itavimba na kubanduka na ataleta uzi mwingine. Kwanza ukauke, chumvi ifagiliwe, pointingi iliyooza ikwanguliwe kama sentimita 2 ipigwe upya. Aache ukuta upumue. Cha muhimu asipake vanishi kuziba, maana chumvi ikikosa mlango inasukuma uso wa tofali mpaka unabanduka.

#51 MwanaMafinga
Wakuu... kuhusu vanishi. Wiki moja baada ya kuosha, tulipaka vanishi. Upande wa magharibi na wa mbele. Ili ung'ae.

#52 Siti ya Mbele
Kurasa tatu. KURASA TATU tumekaa hapa.

#53 Fundi Kipara
Mimi naenda kulala.

#54 Ticha wa Kemia
Hapo hesabu yangu inabadilika. Asidi ndani, chumvi ndani, tofali za ko, na kifuniko juu. Michirizi ya njano yenyewe sasa siwezi kuapa kama ni chuma au ni vanishi iliyoungua na jua la magharibi. Kwangua kidogo kwa wembe: ikitoka kama ganda la plastiki ni vanishi.

#55 Mzee wa Tanuri
Mimi nabaki na tofali.

#56 Jirani Mwema
Na mimi na paa. Hajajibu limetokeza kiasi gani.

#57 MwanaMafinga
Paa limetokeza sentimita 30 hivi, Jirani Mwema. Wembe: sehemu nyingine inatoka kama ganda, nyingine njano imeingia ndani ya tofali haitoki. Kwa hiyo sijui.

Ahsanteni wote kwa muda wenu. Nimempigia fundi sasa hivi nikamsomea maoni yenu yote, kuanzia kuloweka mpaka vanishi. Alinisikiliza mpaka mwisho, hakunikatiza hata mara moja. Halafu akauliza, "Bosi, lile dumu bado lina nusu? Basi Jumamosi nakuja tulirudie."